Daftari la Mwalimu Chilumba

Alishuka Nachingwea mwaka wa sitini na sita
na mpira mmoja wa ngozi, umeshonwa mara mbili,
na barua ya wizara: Michezo, na Hesabu ikibidi.
Gaudensi Chilumba. Mfupi. Kaptura ya kaki, pasi kali kama wembe.
Akauliza, uwanja uko wapi?
Mkuu wa chuo akamwonyesha visiki.

Waingereza walikuja kulima karanga, zikawashinda.
Reli yao iling'olewa, vipande vikasahaulika majanini.
Tulivibeba begani, vijana kumi na wawili kwa kipande,
tukasimamisha magoli mazito kuliko yote ya kusini.
Mpira ukigonga mtambaa panya, mji mzima unasikia:
ngaaa.
Wanywa uraka waliinua vichwa:
"Wamekosa tena."

Tulikosa sana. Mechi ya kwanza, kule Ndanda: tisa kwa bila.
Kurudi, juu ya magunia ya korosho,
hakutoa neno mpaka Masasi.
Pale akatununulia mihogo ya kuchoma, akasema,
"Bao la sita lilikuwa zuri. Mmeliona?"
Nani alione? Kila mtu alikuwa anatazama viatu vyake,
na wengi hatukuwa na viatu.

Wasichana walipoingia chuoni, mkuu alitaka wapewe kwaya.
Chilumba akakata pete za pipa la salfa,
akazipigilia juu ya nguzo mbili,
akauliza, "Nani hapa amecheza rede?"
Mikono yote juu.
"Basi kurusha mnajua, kukwepa mnajua.
Kilichobaki ni kusimama."
Zuhura Nampota, wa mkono wa kushoto,
aliwafunga Mtwara kwao, jua la utosi.
Daftarini mstari mmoja tu: Tumeshinda. Maji hayakutosha.

Kushindwa alikuandikia kurasa tatu.

Mbwemkuru ilipofurika tulilala ng'ambo hii siku nne,
Kilwa wakapewa pointi bila jasho.
Alituchezesha kwenye tope
mpaka madereva wa malori wakaomba namba.

Sabini na nane, watano walikwenda vitani.
Ukurasa ule hauna matokeo. Majina, na nafasi zao:
winga wa kulia, beki wa kati.
Mbele ya wawili kuna alama ya penseli,
imefutwa, imewekwa tena.

Kisha wizara ikamhamishia Lindi, bohari ya vitabu.
Miaka kumi na minane ya filimbi,
wakampa funguo na leja.
Nasikia aliwapanga makarani wanne
wakacheza na bandari, wakala saba.

Mjane wake amenitumia daftari kwa basi,
limefungwa kwa kanga, baada ya kumaliza tanga.
Mimi nilikuwa kipa wa akiba. Misimu miwili,
jezi yangu ndiyo iliyokuwa safi kuliko zote.

Kurasa za nyuma hazina mabao.
Zina mahali kila mmoja alipopangiwa kufundisha.
Namba nne: Liwale, darasa la tatu, watoto tisini.
Zuhura: Kilimarondo, amejenga darasa la miti, apelekewe misumari.
Namba tisa: ameacha kazi, anauza samaki Mchinga. Salamu.
Nikashuka na kidole, taratibu, mpaka kwangu:
Kipa wa akiba. Ruponda. Anajua kungoja.

Nilikasirika, nakiri.
Nilitaka aandike kwamba nilikuwa nadaka.
Mke wangu akasema, kula kwanza.

Mtambaa panya wa goli la kaskazini tunao hapa Ruponda,
umening'inizwa mbele ya ofisi.
Asubuhi mtoto wa zamu huugonga kwa nati ya trekta.
Ngaaa.
Kila ukilia nainua mikono,
kidogo tu,
wasije wakaniona.